Wajibu wa Watendaji kwa Maombi ya Ardhi Yaliyocheleweshwa

Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Sura ya 114, inaitaka Halmashauri ya Kijiji kuamua ombi la hakimiliki ya kimila ndani ya siku 90 tangu kulipokea, au tangu kupokea maelezo ya ziada iliyoyahitaji. Hakimiliki hiyo ina hadhi sawa na hakimiliki ya kupewa.

Mwananchi ambaye ombi lake halijajibiwa anaweza kuiomba Mahakama Kuu itoe amri ya kumlazimisha mtendaji kutimiza wajibu wake wa kisheria. Kwa mujibu wa Kanuni za mwaka 2014 zilizotungwa chini ya Sura ya 310, kibali cha kufungua shauri huombwa ndani ya miezi 6 tangu kutendeka au kutotendeka kwa jambo linalolalamikiwa. Kibali kikitolewa, maombi yenyewe huwasilishwa ndani ya siku 14.

Katika shauri la John Mwombeki Byombalirwa, lililoripotiwa mwaka 1986, Mahakama Kuu ilieleza kuwa mwombaji hana budi kuthibitisha kwamba alidai wajibu utekelezwe na akakataliwa, na kwamba hana nafuu nyingine ya kisheria. Kwa sababu hiyo, nakala ya ombi yenye mhuri wa mapokezi na barua za kukumbushia ni vielelezo muhimu.

Amri hiyo haimpi mwombaji ardhi. Humlazimisha mtendaji kutoa uamuzi, ambao unaweza kuwa wa kukubali au kukataa.