Wanga, Dobi na Pasi: Habari za Nguo Nyeupe katika Nchi ya Binza

Siku ya Jumapili asubuhi, katika vijiji vya Binza, twawaona watu wakienda kusali na nguo zilizonyoshwa sana, ukosi mgumu na mkunjo wa suruali umesimama wima. Desturi hii imezoeleka hata vijana wengi wadhani ni ya asili ya nchi. Sivyo. Ina historia yake, nasi twaona ni vema kuieleza, kwa sababu yagusa heshima ya mtu, chakula cha nyumbani, na namna sisi walimu na mapadre tunavyowapokea maskini mlangoni pa kanisa.

Binza ni nchi ya Wasukuma wa mashariki. Leo imo katika Mkoa wa Simiyu, uliotengwa mwaka wa 2012, na makao yake makuu ni Bariadi. Msukuma nguo huiita ng'wenda, lakini kazi ya kuitia wanga na kuipiga pasi ilimjia kwa njia ya pwani, na maneno yenyewe yashuhudia. Dobi ni neno la Kihindi. Kanji, ambalo ni jina la pili la wanga katika Kiswahili, nalo latoka India, na asili yake ni maji mazito ya wali. Wanga ni unga mweupe, uliopatikana pwani katika viazi vya mmea uitwao uwanga. Lakini mwalimu mgeni na aangalie: wanga ni wingi wa mwanga pia, yaani wachawi wa usiku. Akitaka kufundisha kazi hii, heri aseme wazi "wanga wa nguo", asije akawashangaza wanafunzi wake.

Hapo kale watu wa bara walivaa zaidi ngozi. Kisha misafara ikaleta merikani, kitambaa kigumu cha pamba kisichopaushwa, kilichofumwa Marekani na kuletwa Unguja na merikebu za mji wa Salem, hasa baada ya mapatano ya mwaka wa 1833 kati ya Marekani na Sayyid Said. Speke alipofika Mwanza mwaka wa 1858, na Stanley alipopita Usukuma mwaka wa 1875, nguo ilikuwa ndiyo fedha ya njiani: kwayo walinunua chakula, na kwayo walilipa hongo. Watu waliipenda merikani kwa kuwa ilidumu.

Lakini vita vya Marekani vya miaka ya 1861 hata 1865 vilizuia pamba na nguo zake. Wafumaji wengine wa Uingereza wakazidi kutia katika nguo zao wanga mwingi pamoja na udongo mweupe, ili ziwe nzito na kuonekana imara. Mnunuzi alipozifua, uzito ulikwenda na maji, akabaki na kitambaa chepesi kama chandarua. Wanga huo ulikuwa hila, kwa maana ulificha unyonge wa nguo.

Wanga wa nyumbani ni habari nyingine. Huko Mbweni, Unguja, katika shule ya wasichana ya Misheni ya Vyuo Vikuu, iliyoongozwa miaka mingi na Bibi Caroline Thackeray, wasichana wengine walifundishwa kufua na kupiga pasi. Wengi wa wale wa kwanza walikuwa wametolewa katika majahazi ya watumwa. Utumwa ulipokomeshwa Unguja kwa sheria ya mwaka wa 1897, waliokuwa watumwa waliacha mavazi ya utumwa, yaani merikani na kaniki, wakatafuta kanga na kanzu. Nguo safi iliyonyoshwa ilisema, pasipo maneno, kwamba mwenye kuivaa ni mtu huru.

Katika Usukuma misheni ya Nassa, iliyo leo katika Mkoa wa Simiyu, ilipokewa na Africa Inland Mission mwaka wa 1909. Na mapadre wa Maryknoll walikabidhiwa nchi za Musoma na Maswa mwaka wa 1946. Shule zilileta shati jeupe, na pamba ilileta fedha ya kulinunua.

Kazi yenyewe ni hii. Unga wa muhogo hukorogwa kwanza kwa maji baridi, kisha humiminiwa maji yanayochemka, huku ukikorogwa hata uwe kama uji mwembamba ung'aao. Chembe za wanga hunywa maji ya moto na kuvimba. Nguo ikichovywa hushika nyuzi za pamba, na joto la pasi huzikausha zikiwa zimelala sawa. Kisha uchafu hukaa juu ya wanga, nao hutoka upesi katika kufua. Tena moto wa pasi huua mayai ya yule nzi atagaye katika nguo zilizoanikwa, ambaye funza wake huingia katika ngozi ya mtoto. Kwa hiyo pasi ya mkaa si pambo tu.

Hata hivyo tusisahau gharama yake. Muhogo ndio akiba ya njaa, na zamani za utawala wa Waingereza watu waliamriwa kuulima kwa sababu hiyo. Mwaka wa ukame, bakuli la unga lililotiwa katika shati ni bakuli lililotoka katika chungu. Maji, kuni na mkaa navyo huletwa na mama, wala si mwenye shati. Mwalimu anayemrudisha mtoto nyumbani kwa kuwa nguo yake imekunjamana, huenda amrudisha mtoto wa nyumba iliyochagua kula.

Mapadre wana mfano ulio karibu nao. Korporale ya altareni hutiwa wanga kwa desturi, ili chembe zisipotee katika nyuzi zake. Bali purifikatori haitiwi, kwa kuwa kazi yake ni kupangusa, na kitambaa kigumu hakipangusi. Nguo zote mbili ni safi, na zote mbili zina heshima.

Basi twawasihi walimu wenzetu: fundisheni usafi kwa bidii, na pasi pia, palipo na mkaa au umeme. Lakini ugumu wa ukosi usiwe mizani ya kumpimia mtu. Wauza nguo wa zamani walitumia wanga kuficha udhaifu. Sisi tusiutumie kuwafungia mlango wanyonge.