Hati ya Nyumba ya Coridon: Msikiti wa Auwal, Cape Town

Mwaka 1794 Coridon wa Ceylon, mtu aliyekuwa mtumwa kisha akawa huru, alijipatia nyumba katika Mtaa wa Dorp, kwenye mteremko ulio juu ya mji wa Cape Town. Katika kumbukumbu za mji huo yeye ndiye Mwislamu wa kwanza anayeonekana kumiliki nyumba kwa jina lake mwenyewe. Ghala iliyokuwa hapo ikafanywa mahali pa kuswalia, na ndipo ulipo hadi leo Msikiti wa Auwal, mkongwe kuliko misikiti yote ya Afrika Kusini. Habari zake zikisimuliwa, sifa karibu zote humwendea imamu wake wa kwanza, Tuan Guru. Anazistahili, lakini bila ile hati ya nyumba huenda elimu yake ingeishia kwenye vyumba vya watu.

Wakati ule Rasi ya Tumaini Jema, ulipo mji huo, ilikuwa chini ya Kampuni ya Uholanzi ya India Mashariki, na Kampuni ilikuwa na sheria, iliyotungwa Batavia mwaka 1642, ya kukataza ibada ya Kiislamu hadharani. Ndani ya nyumba watu waliachwa. Mwaka 1772 mtaalamu wa mimea kutoka Sweden, Carl Thunberg, alishuhudia shughuli ya Waislamu chumbani mwa mtu, Msahafu ukisomwa. Waislamu hao hawakufika kwa hiari. Walikuwa watumwa kutoka visiwa vya Indonesia, Bengal, Ceylon, Madagaska na Msumbiji, pamoja na wafungwa waliohamishwa kutoka Mashariki kwa sababu za kisiasa. Kwetu pwani jambo hili halikuwa mbali kama tunavyodhani: miaka ya 1776 hadi 1778 meli mbili za Kampuni, De Zon na Jagtrust, zilifika mwambao wa Waswahili kutafuta watumwa wa kupeleka Rasi, na kumbukumbu za safari zao zingalipo.

Kuna sheria nyingine iliyousaidia Uislamu bila kukusudia. Mwaka 1770 wakoloni waliagiza kwamba mtumwa aliyebatizwa asiuzwe tena. Mabwana wakapiga hesabu zao, wakaona heri wasiwabatize watu wao. Wenye watumwa, kwa kulinda mali yao, wakaacha mlango wazi kwa maimamu, na maimamu wakaingia.

Aliyeingia kwa kishindo zaidi ni Imamu Abdullah bin Kadhi Abdus Salaam, mwana wa ukoo wa kifalme wa Tidore, ambaye watu wa Cape Town wanamwita Tuan Guru. Waholanzi walimtuhumu kushirikiana na Waingereza, wakamleta Rasi mwaka 1780 akiwa mfungwa na kumtia Kisiwa cha Robben. Huko, bila kitabu cha kunakilia, aliandika Msahafu mzima kwa kumbukumbu yake, kwa wino mweusi na mwekundu. Aliandika pia kitabu kikubwa cha itikadi na fikihi, Maarifatul Islami wal Imani, chenye kurasa zipatazo 600, akakimaliza mwaka 1781.

Msahafu wake mmoja una kisa cha peke yake. Ulikuwa umewekwa darini mwa msikiti, watu wakausahau, mpaka mafundi wa ukarabati walipoukuta katikati ya miaka ya 1980. Kurasa zilikuwa zimeachana na hazina namba. Wanachuoni wa Cape Town walitumia miaka kuzipanga upya, wakifuata ile desturi ya wanakili wa zamani ya kuandika chini ya ukurasa neno linaloanza ukurasa unaofuata. Sasa umewekwa msikitini ndani ya sanduku imara la kioo, maana wezi wamekwisha kuujaribu.

Tuan Guru alifunguliwa mwaka 1793, mzee wa miaka themanini hivi. Aliomba kiwanja cha msikiti, akanyimwa. Jibu lake lilikuwa kuswalisha Ijumaa nje, kwenye machimbo ya mawe ya Mtaa wa Chiappini, mbele ya macho ya kila mtu. Mwaka uleule alianzisha chuo Mtaa wa Dorp, na humo waliosoma ni watoto wa watumwa na wa walio huru, mahali ambapo shule kwa watu kama hao zilikuwa haba. Mwanzoni somo lilikuwa kwa Kimalay. Baadaye lugha ya mitaani ilipogeuka, watoto wakaandika masomo yao katika madaftari kwa Kiafrikana, lugha ambayo baadaye makaburu waliifanya nembo yao, ila wao waliiandika kwa herufi za Kiarabu. Atakayeshangaa akumbuke barua na tenzi za Lamu na Pate, zilizoandikwa kwa herufi hizohizo zamani kabla ya shule za kizungu.

Kitabu kinachojulikana zaidi katika maandishi hayo ni Bayanud Din, kilichochapwa Istanbul mwaka 1877. Mwandishi wake, Abu Bakr Effendi, alikuwa Mkurdi aliyetumwa na dola ya Uthmaniya miaka ya 1860. Yeye alikuwa Hanafi, na wenyeji walikuwa Shafii kama sisi wa pwani. Alipotoa fatwa kwamba kambakochi ni haramu, mji mzima uliokuwa ukiishi kwa bahari ulimgeukia. Ningependa kumwona mtu akijaribu kutoa fatwa hiyo sokoni Malindi.

Turudi kwenye hati. Coridon hakuishi muda mrefu baada ya kununua. Nyumba ikabaki kwa mjane wake, kisha ikawa ya binti yao, Saartjie wa Rasi. Sheria ya nchi haikuujua wakfu kama tunavyoujua sisi. Mbele ya serikali msikiti ulikuwa mali ya mwanamke mmoja, basi. Saartjie aliolewa na Achmat wa Bengal, aliyekuja kuwa imamu hapo kuanzia 1822 hadi alipofariki 1843, na Saartjie katika wosia wake aliagiza nyumba iendelee kuwa msikiti. Wazao wao waliushika uimamu kwa vizazi kadhaa.

Mambo hayakukosa uchungu. Tuan Guru alipofariki mwaka 1807 palizuka mzozo wa nani amrithi. Jan wa Boughies na wenzake wakajitenga, wakaanza kuswali katika nyumba ya Mtaa wa Long, na huo ndio Msikiti wa Mtende uliopo mpaka leo. Na msikiti ukiwa mali ya ukoo, magomvi ya maimamu yalikuwa yakifika mahakamani, mbele ya mahakimu wa Kikristo. Hata hivyo naona faida ilizidi hasara. Ruhusa ya mtawala hutolewa na kuondolewa, na hiyo ya Rasi ilikuja mwaka 1804 tu, Kamishna De Mist alipotangaza uhuru wa dini, miaka kumi baada ya watu kuanza kuswali kwa Coridon.

Ruhusa hiyo haikumaliza mivutano na serikali. Mwaka 1886 serikali ilifunga makaburi ya Tana Baru, alipozikwa Tuan Guru, ikitaja hofu ya ndui. Waislamu wapatao 3,000 walimbeba maiti wao wakaenda kumzika palepale, na kiongozi wao Abdol Burns akakamatwa. Enzi za ubaguzi, Sheria ya Maeneo ya Makundi ilibomoa mtaa wa District Six, jirani tu, ikatawanya watu wake. Bo-Kaap, mtaa ulipo Msikiti wa Auwal, ilisalimika kwa kutengwa iwe mtaa wa "Wamalay", jina ambalo wengi hawakulichagua.

Leo Waislamu hawafiki asilimia 2 ya wakazi wa Afrika Kusini. Nyumba za Bo-Kaap zenye rangi kali zimekuwa za kupigia picha, bei zimepaa, na kodi za majengo nazo. Mwaka 2018 wakazi walikaa barabarani kuzuia winchi la ghorofa jipya, polisi wakaja. Mwaka uliofuata halmashauri ilipitisha kanuni za kulinda urithi wa mtaa. Kanuni hizo zinalinda kuta na mapaa. Haziwazuii wenye nyumba kuuza, na anayeuza mara nyingi huhamia mbali, Mitchells Plain au Athlone, ambako ana msikiti mwingine wa kuswalia.