Bunge la Tano la Ayalandi, 1927

Katika uchaguzi wa Juni 1927, viti 153 vya Dáil, yaani baraza la wawakilishi la Ayalandi, viligawanyika hivi: Cumann na nGaedheal, chama cha serikali ya W. T. Cosgrave, kilipata 47. Fianna Fáil, chama cha Éamon de Valera, 44. Chama cha wafanyakazi, Labour, 22. Vilivyosalia viliwaangukia vyama vidogo na wajumbe wasio na chama.

Hivyo Cosgrave hakuwa hata na theluthi ya wajumbe. Serikali yake ilisimama kwa kuwa wafuasi wa de Valera walikataa kula kiapo cha uaminifu kwa Mfalme wa Uingereza, na asiyeapa hakuruhusiwa kuketi.

Tarehe 10 Julai waziri Kevin O'Higgins aliuawa. Serikali ikaleta muswada wa kumlazimisha kila mgombea kuahidi kwamba akichaguliwa ataapa. Fianna Fáil wakatia saini kitabu cha kiapo, wakisema ni maneno matupu, na tarehe 12 Agosti wakaingia.

Siku nne baadaye ikapigwa kura ya kutokuwa na imani: 71 kwa 71. John Jinks, mjumbe wa National League, chama kilichounga mkono hoja hiyo, hakuwamo barazani. Kura ya Spika Michael Hayes ikaiokoa serikali.

Muswada uliokusudiwa kuwabana wapinzani ndio uliowaingiza Bungeni. Mwaka 1932 wakashika serikali, na mwaka 1933 kiapo kikafutwa.