Bibi, Bwana na Jembe: Nembo ya Taifa Ikisomwa Kutoka Shinyanga

Mwaka 2017 magazeti ya Dar es Salaam yalimkuta Buguruni mzee mmoja aliyekuwa akisimulia kwamba ndiye aliyechora nembo ya taifa. Jina lake Francis Maige Kanyasu, lakini watu walimwita Ngosha. Msukuma akisikia jina hilo hahitaji maelezo: ngosha ni mwanamume, na ndilo jina ambalo Watanzania wenzetu hutupachika sisi wa Usukuma popote tuendapo kutafuta riziki. Mzee huyo alifariki Muhimbili mwezi Mei mwaka huohuo. Wapo na wengine waliotajwa kuwa wachoraji wa nembo, na makala hii haikusudii kuamua kati yao. Kilichonigusa ni kwamba nchi ilikuwa imekwisha kuubeba mchoro ule kwa zaidi ya miaka hamsini, kwenye pasi, noti na vyeti, huku wengi wetu hatujawahi hata kuuliza ni mkono wa nani.

Mitaani nembo ile tunaiita bibi na bwana. Jina hilo limebeba maana kubwa kuliko linavyosikika. Kenya wameweka simba wawili, na ndani ya ngao yao jogoo ameshika shoka. Uganda wana swala na korongo mwenye kishungi. Hata Tanganyika ya Waingereza ilikuwa na mnyama: bendera ya utawala ule ilikuwa na kichwa cha twiga, kana kwamba nchi hii ilikuwa pori tu lisilo na wenyewe. Uhuru ulipokuja tarehe 9 Desemba 1961, mnyama akaondoka na mahali pake wakasimama mume na mke, juu ya mlima Kilimanjaro, wamebeba ngao katikati yao. Binafsi naona hilo ndilo jambo zito kuliko yote katika mchoro ule. Taifa jipya lilijitambulisha kwa watu wake.

Baada ya Muungano wa tarehe 26 Aprili 1964 bendera iliyo ndani ya ngao ikawa ya Jamhuri ya Muungano. Miguuni pa bwana uko mkarafuu, zao la Zanzibar. Miguuni pa bibi uko mpamba. Chini kabisa kuna utepe wenye maneno mawili, Uhuru na Umoja.

Nianze na pamba, kwa kuwa ndiyo iliyotusomesha wengi. Anayeijua kazi ya pamba anajua kwamba mchoraji hakukosea kuiweka miguuni pa mwanamke. Kupanda, kupalilia, kuvuna kitumba kimoja kimoja kwa vidole, kuchambua safi na chafu kabla ya kwenda kupima: sehemu kubwa ya kazi hiyo imepita mikononi mwa mama zetu, ingawa jina kwenye daftari la mnunuzi mara nyingi lilikuwa la baba. Na pamba ndiyo iliyozaa siasa ya kanda hii. Wakulima waliochoka kupunjwa kwenye mizani walianzisha vyama vyao vya ushirika, na mwaka 1955 vyama hivyo vikaungana kuwa Victoria Federation of Co-operative Unions, chini ya Paul Bomani, aliyekuja kuwa waziri wa fedha wa Tanganyika huru. Serikali ya kikoloni iliona hatari hiyo mapema. Kuanzia 1954 hadi 1958 TANU, chama kilichodai uhuru, ilizuiwa kufungua matawi Usukumani, kwa hiyo ushirika wa pamba ukawa mahali ambapo watu walijifunza kukutana, kuchagua viongozi na kuhoji hesabu.

Kisha ikaja Geita. Mwaka 1958 serikali ilitaka kuwawekea watu wa wilaya ile baraza la mchanganyiko, Waafrika wakae na Wazungu na Waasia katika wilaya ambayo karibu wote walikuwa Waafrika. Watu walikataa. Umati ulikwenda hadi Mwanza kupeleka malalamiko na ukatawanywa kwa mabomu ya machozi. Baraza lile halikudumu. Ninaposoma neno Uhuru kwenye utepe wa nembo, ninawaona watu wale wa Geita, wengi wao wakulima wa pamba. Mwenge uliochorwa juu ya ngao unakumbusha ule uliowashwa kileleni Kilimanjaro na Alexander Nyirenda usiku wa uhuru, lakini moto wake ulikuwa umeanza kuwashwa mbali sana na Kilimanjaro.

Mwenge huo umewekwa kwenye sehemu ya ngao yenye rangi ya dhahabu, na rangi hiyo inasimama kwa madini ya nchi. Hapa Shinyanga na Geita hakuna haja ya kufafanua. Mgodi wa zamani wa Geita ulifanya kazi kuanzia 1936 hadi 1966, kwa hiyo nembo ilipochorwa dhahabu ilikuwa ikitoka. Na huko Mwadui, Shinyanga, John Williamson alikuta almasi mwaka 1940. Mwaka 1947 ikapatikana pale almasi ya waridi ya karati 54.5, akapewa Binti Mfalme Elizabeth wa Uingereza kuwa zawadi ya harusi. Ilipokatwa na kusuguliwa ikabaki karati 23.6, ikatiwa katikati ya bruchi ya ua. Jiwe la Usukuma limevaliwa kifuani mwa malkia, na watoto waliozaliwa jirani na mashimo ya Mwadui wamekua wakilisikia kama hadithi. Mgodi mkubwa wa sasa wa Geita ulifunguliwa 2000, Bulyanhulu ukafuata 2001, na mwaka 2019 likafunguliwa soko la dhahabu Geita mjini, mchimbaji mdogo apate pa kuuzia kwa bei inayojulikana badala ya kumtegemea mlanguzi anayemsubiri mdomoni mwa duara. Nembo imeiweka rangi ya madini juu kabisa ya ngao. Haki ya mchimbaji mdogo nayo ilipaswa kufika huko juu mapema zaidi.

Chini ya bendera kuna sehemu nyekundu, rangi ya udongo wenye rutuba, na juu yake jembe na shoka vimepishana. Jembe ni letu kwa namna ya pekee. Kabla ya majembe ya kiwandani, Warongo wa upande wa Geita na Buzinza waliyeyusha chuma na kufua majembe yaliyosafiri mbali, yakalipwa mahari na kubadilishwa kwa ng'ombe na nafaka. Na Msukuma halimi kimya. Katika bugobogobo jembe hurushwa juu, likadakwa, likazungushwa kwa mdundo wa ngoma, na shamba likaisha huku watu wakicheza. Sijui nembo nyingine iliyochukua chombo ambacho watu wake wanalima nacho asubuhi na kucheza nacho jioni.

Shoka, hapa Shinyanga, lina historia chungu. Miaka ya 1920 mtaalamu Mwingereza, Charles Swynnerton, aliongoza vita dhidi ya mbung'o kutoka Shinyanga. Njia yake kuu ilikuwa kukata vichaka ambamo mbung'o hujificha. Watu waliitwa kwa maelfu na mashoka yao, na miti ikaanguka eka kwa eka. Mbung'o alirudi nyuma, ng'ombe wakaongezeka, mashamba ya pamba yakapanuka, na shoka likaendelea kukata: kwa kuni, kwa mkaa, kwa shamba jipya. Ilipofika miaka ya 1980 upepo ulikuwa ukipeperusha vumbi juu ya ardhi iliyobaki uchi, na Mwalimu Nyerere mwenyewe akaona kwamba Shinyanga inageuka jangwa. Chombo kilichochorwa kwenye nembo kuwa ishara ya maendeleo kilikuwa kimekula nchi.

Dawa haikutoka mbali. Mwaka 1986 ulianzishwa mradi wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, HASHI, na wataalamu wake walipata hekima ya kuwasikiliza wazee. Wasukuma walikuwa na ngitili tangu zamani, eneo la malisho linalofungwa wakati wa masika ili kiangazi ng'ombe wapate nyasi. Ngitili zikafufuliwa, za kaya na za kijiji, sungusungu, walinzi wa jadi wa vijiji, wakazilinda, na mizizi iliyokuwa hai chini ya ardhi ikachipua yenyewe. Mwaka 2002 HASHI ilipata tuzo ya kimataifa ya Ikweta kwa kazi hiyo. Hakuna somo la nembo ninalolithamini kuliko hili: shoka lipo pale kwa ajili ya mtu anayejua wakati wa kuliweka chini.

Nembo inalindwa na Sheria ya Nembo za Taifa ya mwaka 1971, na si ruhusa mtu kuichapa kwenye bidhaa yake apendavyo. Ulinzi huo ni wa picha. Wanaoishi ndani ya picha hiyo bado hawajalindwa na maandishi. Wapo wazee Kahama, Kishapu, Maswa na Geita waliopima pamba chini ya ushirika wa Bomani, walioshuka kwenye migodi kabla ya 1966, walioitwa kukata vichaka wakiwa vijana au waliosimuliwa na baba zao. Mzee Ngosha aliulizwa akiwa amebakiwa na siku chache tu. Kama una mzee wa namna hiyo nyumbani, chukua daftari, kaa naye jioni hii, umuulize jina lake kamili, kazi aliyofanya na mwaka alioifanya, kisha uandike.