Mashine ya Majaliwa na Hiari ya Binadamu

Mwaka 2020 ilitolewa nchini Marekani tamthilia ya televisheni iitwayo Devs, yenye sehemu 8, iliyotungwa na kuongozwa na Mwingereza Alex Garland. Kiini chake ni kompyuta ya kubuni inayoonyesha yaliyopita na yajayo. Forest, mmiliki wake, anashikilia kwamba kila tendo huzaliwa na sababu iliyolitangulia, hivyo historia yote ni mstari mmoja usiopindika. Mwishoni tunaelezwa kwamba jina hilo lisomwe kama Warumi wa kale walivyoandika, V ikiwa ni U: Deus, yaani Mungu. Kwa kuwa hoja hiyo inagusa imani, tunaifafanua hapa kwa mwanga wa mafundisho ya Kanisa.

Asili ya wazo

Mwaka 1814 mwanahisabati Mfaransa Pierre-Simon Laplace alieleza kwamba akili ambayo ingejua nguvu zote za maumbile na mahali pa kila chembe kwa wakati mmoja, ingeweza kuyaona yajayo kama yaliyopita. Mwaka 1927 Werner Heisenberg alionyesha kwamba mahali na mwendo wa chembe haviwezi kupimwa vyote viwili kwa usahihi kamili. Hata hivyo, ugunduzi huo peke yake hauthibitishi uhuru wetu. Anayesukumwa na bahati nasibu hayuko huru kuliko anayesukumwa na mashine.

Kidonda kilichofichwa

Kwa nini Forest anautaka mstari mmoja tu? Binti yake mdogo, Amaya, alikufa pamoja na mama yake katika ajali ya gari, wakati Forest mwenyewe akizungumza na mkewe kwa simu. Kama mambo yangeweza kwenda vingine, basi simu ile ina uzito. Kama hayangeweza, hana la kujilaumu. Mashine yake inatafuta kufutiwa hatia bila kuungama.

Nasi tunayo lugha ya namna hiyo. Neno “ajali” lilitoka katika Kiarabu, likiwa na maana ya muda wa kufa uliokwisha kupangwa. Methali husema kwamba ajali haina kinga. Ni faraja kwa mfiwa asiye na kosa. Lakini ikitamkwa na dereva aliyekuwa mlevi, imegeuzwa kuwa ngao.

Mafundisho ya Kanisa

Kanisa linasadiki Maongozi ya Mungu: hakuna kinachoponyoka ujuzi na wema wake. Lakini kujua si kulazimisha. Boethius, akiwa kifungoni katika karne ya 6, alieleza kwamba Mungu hangoji yajayo. Katika umilele wake anaviona vyote kwa pamoja. Mtakatifu Thoma wa Akwino alitumia mfano wa mtu aliye mahali pa juu: huwaona kwa mara moja wasafiri wote wa njiani, ilhali walio njiani hawawaoni wanaokuja nyuma yao. Kuwaona kwake hakumsukumi yeyote kati yao.

Thoma aliongeza kwamba kama binadamu hana hiari, basi mashauri, amri, makatazo, tuzo na adhabu vyote ni bure. Mtaguso wa Trento, mwaka 1547, ulifundisha kwamba hiari haikuzimwa na dhambi ya Adamu. Nayo Katekisimu ya Kanisa Katoliki, namba 600, inafundisha kwamba mpango wa milele wa Mungu unajumuisha jibu huru la kila mtu kwa neema yake.

Maandiko Matakatifu yanaonyesha hivyo. Katika Kitabu cha Kwanza cha Samweli, sura ya 23, Daudi akiwa Keila anamwuliza Bwana kama Sauli atashuka, na kama wenyeji watamtoa. Jibu ni ndiyo kwa yote mawili. Daudi anaondoka mjini, na Sauli anaacha safari yake. Neno la Mungu halikumfunga Daudi. Lilimpa nafasi ya kuchagua. Hata katika tamthilia, Lily, aliyeonyeshwa na mashine akimpiga Forest risasi, anaitupa bastola.

Kwa maisha yetu

Kwanza, tusitafute mashine zetu wenyewe. Katekisimu, namba 2115 hadi 2117, inakataza kuwaendea wapiga ramli na wasoma nyota, kwa kuwa ndani yake mna tamaa ya kuutawala wakati na watu wengine.

Pili, tutofautishe uchungu na hatia. Si kila mwenye kujilaumu ametenda dhambi. Namba 1735 inakumbusha kwamba kutojua na hofu, kati ya mengine, vinaweza kupunguza au hata kuondoa uwajibikaji. Mzazi aliyefiwa anahitaji kwanza kusikilizwa.

Tatu, penye kosa la kweli pana mlango. Anayesema “ilikuwa imepangwa” hawezi kusamehewa, kwa maana hajakiri lolote la kusamehewa. Katika Sakramenti ya Kitubio mwamini husema, “Nimekosa,” na kwa neno hilo anakiri kwamba angeweza kutenda vingine. Yaliyopita hayabadiliki, ila yeye anaondoka akiwa ameondolewa dhambi, na kesho anaweza kutenda vema.