Silikanti wa Tanga na Habari ya Kiinitete

Barabara itokayo Tanga kwenda Mombasa hukatwa pale Horohoro na mpaka ambao asili yake ni mapatano ya Waingereza na Wadachi ya mwaka 1886. Msafiri hapiti pale ila kwa kuonyesha hati zake. Lakini katika kina cha bahari iliyo karibu yupo samaki asiyeujua mpaka huo: mwaka 2001 alivuliwa mbele ya Malindi, na tangu mwaka 2004 wenziwe wamenaswa mara nyingi katika majarife ya papa ya wavuvi wa Kigombe na vijiji vingine vya Tanga. Naye ni silikanti.

Hapo kale wataalamu walimjua kwa mabaki yaliyogeuka mawe tu, wakamhesabu kuwa alitoweka yapata miaka milioni 66 iliyopita. Mwaka 1938 Bibi Marjorie Courtenay-Latimer, wa makumbusho ya East London huko Afrika Kusini, alimwona mmoja katika samaki walioletwa na meli ya uvuvi. Mwaka uliofuata J. L. B. Smith akampa jina la Latimeria. Watu wakamwita kisukuku kilicho hai. Jina tamu, ila lapotosha, kwa maana ladhaniwa kusema kwamba mnyama huyu hakubadilika kamwe. Kiinitete chake chatoa ushahidi mwingine.

Karl Ernst von Baer alikwisha sema mwaka 1828 kwamba katika kukua kwa mnyama sura za jumla hutangulia, na zile za pekee hufuata. Mwaka 1866 Ernst Haeckel, mwenye ufasaha mwingi kuliko hadhari, alifundisha kwamba kiinitete hupitia upya daraja zote za wazee wake. Mafundisho hayo yameachwa, kwani kifaranga ndani ya yai hawi samaki hata siku moja. Hufanana na kiinitete cha samaki, basi. Lakini swali lilibaki. Ikiwa mwili wa mnyama hutokana na kukua kwake, basi badiliko lolote la umbo la kizazi sharti lipitie katika kukua huko: kiungo kimoja huharakishwa, kingine hucheleweshwa, kingine huachwa njiani.

Hayo ndiyo yaliyoonekana katika silikanti. Mwaka 1975, katika makumbusho ya New York, jike mmoja aliyetoka Visiwa vya Komoro alipasuliwa, wakakutwa watoto 5 tumboni, kila mmoja na kiriba chake cha kiini cha yai. Ikajulikana kwamba silikanti hatagi, bali huzaa. Mwaka 2015 wataalamu walichungua vipimo mbalimbali vya umri wake kwa miale ya eksirei. Katika kiinitete kichanga waliona pafu, nalo kubwa kwa kadiri ya mwili. Baadaye kukua kwake hupungua, hata kwa samaki mzima halina kazi tena, limezungukwa na mafuta mengi. Jamaa zake wa kale walikuwa na pafu kubwa lenye vibamba vigumu, na vibamba vidogo vya namna hiyo vingaliko kwa silikanti wa leo. Pafu, basi, halikung'olewa. Lilipunguziwa mwendo wa kukua.

Ubongo nao una ajabu yake. Uchunguzi uliotolewa mwaka 2019 ulionyesha kwamba fuvu hukua na kuuacha nyuma, hata ubongo wa mtu mzima, ikiwa neno hilo laruhusiwa kwa samaki, hujaza yapata sehemu 1 tu katika 100 ya nafasi yake.

Ukuaji huo ni wa polepole mno. Kwa makadirio ya mwaka 2021, mimba ya silikanti huchukua yapata miaka 5, na maisha yake huweza kukaribia karne. Hifadhi ya Bahari ya Silikanti ya Tanga ilianzishwa mwaka 2009, lakini jarife halichagui. Jike aliyevuliwa Msumbiji mwaka 1991 alikutwa na watoto 26 tumboni.