Kidole cha Ng'wanamalundi na Kalamu ya Mkataba

Katika visiwa na mwambao wa Waswahili, kalamu haikupata kuwa chombo cha kuandikia tu. Ilichongwa kwa mwanzi, ikachovywa katika wino, na Sura nzima ya Kurani ikaitwa kwa jina lake. Mwalimu alipoandika aya kwa zafarani juu ya sahani, kisha akaziosha kwa maji ya marashi, mgonjwa alikunywa kombe akiamini kwamba ameyanywa maneno yenyewe. Mwana Kupona, alipotaka kumuusia binti yake mwaka 1858, alimwagiza asogee na wino na karatasi. Aliyeshika kalamu alishika amana.

Bara, katika nchi ya Wasukuma, nguvu ya namna hiyo ilisimuliwa kwa kidole. Hekaya za Shinyanga zinamtaja Ng'wanamalundi, mtu wa zama za Wajerumani na Waingereza, ambaye akiielekezea miti kidole chake, miti hukauka papo hapo. Wajerumani, yasema masimulizi, walimtia kifungoni kwa kukihofia kidole hicho. Kama miti ilikauka kweli ama haikukauka, si hoja hapa. Lililo muhimu ni kuwa watu walisadiki kwamba ishara ndogo ya mkono mmoja yaweza kuigeuza nchi.

Dhana hizo mbili, ya kidole na ya kalamu, zilikutana katika ofisi za wakoloni. Asiyejua kusoma alipotakiwa kuthibitisha maandishi, alipakwa wino kwenye dole gumba, akaligandamiza juu ya karatasi. Hapo kidole kiligeuka kuwa kalamu. Ila maneno yaliyotangulia juu ya alama ile yalikuwa ya mtu mwingine.

Dhahabu ndiyo iliyoudhihirisha uzito wa jambo hili. Mgodi wa zamani wa Geita ulifungwa mwaka 1966, na baadaye wachimbaji wadogo wakaenea katika ukanda wote kwa sururu na karai. Mwezi wa Agosti 1996, wale wa Bulyanhulu, wilayani Kahama, waliamriwa kuondoka, kwani haki ya kuchimba ilikwisha kuandikwa kwa jina la kampuni. Jasho lao halikuwa na maandishi. Sheria ya Madini ya mwaka 1998 ikafungua mlango kwa wawekezaji wakubwa, na mrabaha wa dhahabu ukawa asilimia 3. Geita ikaanza upya mwaka 2000, Bulyanhulu mwaka 2001.

Kisha ikaja Buzwagi, nayo ya Kahama. Mwezi wa Februari 2007 mkataba wake ulitiwa saini hotelini, mjini London, mbali na ardhi ambayo ingepasuliwa. Mbunge Zitto Kabwe alipolihoji jambo hilo mwezi wa Agosti mwaka huo, Bunge lilimsimamisha. Lakini swali halikusimamishwa. Novemba 2007 Rais Jakaya Kikwete aliunda kamati chini ya Jaji Mark Bomani kuichunguza sekta ya madini. Sheria ya mwaka 2010 ikapandisha mrabaha hadi asilimia 4. Mwaka 2017 ukafika asilimia 6, serikali ikajipatia hisa zisizopungua asilimia 16 katika migodi mikubwa, na Bunge likapewa mamlaka ya kupitia masharti hasi ya mikataba ya maliasili.

Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Historia ya Kahama na Geita yaongeza fundisho jingine: mali yaweza kupotea na daftari likiwapo, iwapo wenye mali hawaruhusiwi kulifunua. Mnywaji wa kombe huenda hakuisoma aya aliyoinywa, lakini alimjua aliyeiandika, na alijua imeandikwa kwa ajili ya kumponya. Mwanakijiji wa Buzwagi hakuyajua hata hayo mawili.

Kidole cha Ng'wanamalundi kilielekezwa mbele za watu, na kila aliyekuwapo aliuona mti. Saini hukausha kimya kimya, na majani huanza kupukutika baada ya miaka. Ila yaliyoandikwa na kalamu huweza kuandikwa upya na kalamu, na mwanzo wa kuyaandika upya ni kuyasoma kwa sauti, katika lugha ya wale ambao ardhi ni yao.